Mwanaseminari Aliyefuata Ngoma

Katika nyumba nyingi za Masisi na Walikale tumesikia habari ya namna moja. Kijana alikwenda seminari. Wazazi wakafurahi, parokia nzima ikamwombea. Baada ya miaka michache akarudi na sanduku lake, akasema kwamba huo si wito wake. Kisha akatafuta gitaa, akaanza kupiga usiku pamoja na wenzake. Basi jirani wakatikisa vichwa: «Yule amekwisha kupotea.» Baba hakuuliza mtoto amejifunza nini huko alikotoka. Mama akaona haya kukutana na wenzake kisimani.

Hatutaki kumcheka mzazi yeyote kwa uchungu huo, kwani ni uchungu wa kweli. Lakini leo twataka kusimulia habari za Mkongo mmoja aliyetoka seminari, akashika kinanda, gitaa na ngoma, akatunga nyimbo za roki na za jazi, akatunga muziki wa okestra kubwa na muziki wa sinema, hata akajulikana Afrika, Ulaya na Amerika. Jina lake ni Ray Lema.

Ndugu wasomaji, mtu akifanya kazi nyingi watu humshuku. Husema: fundi wa vyote si fundi wa kimoja. Yawezekanaje basi mtu mmoja apige muziki wa namna nyingi hivyo, na popote alipokwenda mafundi wa huko wakubali kukaa naye? Sisi twaona kwamba jibu limo katika shule tatu alizopita. Mbili za kwanza zajulikana na wengi. Ya tatu husahauliwa, nayo ndiyo inayotuhusu sisi watu wa milima ya Masisi na misitu ya Walikale.

Shule ya kwanza: kinanda cha seminari

Raymond Lema a'Nsi Nzinga alizaliwa tarehe 30 Machi 1946 huko Lufu-Toto, kwenye kituo cha reli katika Kongo ya Chini. Alipokuwa na miaka 11 hivi aliingia seminari ndogo ya Mikondo, karibu na mji wa Léopoldville, ambao siku hizi twauita Kinshasa. Alitaka kuwa padri.

Huko mapadri waliona upesi kwamba mtoto huyu ana masikio. Wakamkalisha kwenye kinanda. Akajifunza kusoma noti, akasindikiza misa na nyimbo za Kigregori, akapiga kazi za Bach, Mozart na Chopin. Mara ya kwanza alipopiga mbele ya watu, alipiga sonata ile ya Beethoven iitwayo ya Mwanga wa Mwezi.

Msomaji aliyepata kukaa kwenye kinanda anajua kazi hiyo yataka nini. Mkono wa kulia una njia yake, mkono wa kushoto una njia yake, wala haupasi mmoja kuufunika mwingine. Katika muziki wa Bach zaweza kuwamo sauti tatu au nne. Kila moja hutembea peke yake, yaanza kwa wakati wake, nazo zote hukutana bila kugongana. Tulishike neno hili, kwa sababu tutalikuta tena mahali tusipolitazamia.

Katika miaka ile ile jambo kubwa lilitokea upande mwingine wa Kongo. Mwaka 1958, huko Kamina katika Katanga, Padri Guido Haazen, Mfransisko kutoka Ubelgiji, pamoja na waalimu na watoto wa shule, waliimba misa ya Kilatini kwa sauti na ngoma za Kikongo. Hiyo ndiyo Misa Luba. Wengine walishangaa, kwani ngoma ilikuwa imewekwa nje ya mlango wa kanisa kwa muda mrefu. Lakini tarehe 4 Desemba 1963 Mtaguso wa pili wa Vatikano, katika hati yake juu ya liturujia, ulisema kwamba watu wa nchi za misioni wana muziki wao wenyewe, nao yapasa upewe heshima na nafasi yake. Tena sauti za Kamina zilifika hata katika sinema: Mwitalia Pasolini alizitia katika filamu yake ya mwaka 1964 juu ya Injili ya Mtakatifu Mathayo, naye Mwingereza Lindsay Anderson akazitia katika filamu yake ya mwaka 1968. Hivyo Wakongo walisikika katika majumba ya sinema ya Ulaya kabla mtu hajasikia jina la Lema huko.

Mwaka 1962 Lema alitoka seminari. Hakuwa padri. Lakini seminari haikumtoka.

Shule ya pili: usiku wa mji

Alianza masomo ya kemia katika chuo kikuu, naye akayaacha. Mji ulikuwa unamwita. Kinshasa ya siku zile ilijaa rumba. Franco na kundi lake la OK Jazz, Tabu Ley na kundi lake, kila mmoja alikuwa na watu wake, na magitaa yalisikika kutoka baa moja hadi nyingine. Tena kwa njia ya sahani za santuri zikaja sauti mpya kutoka ng'ambo: Beatles wa Uingereza, na yule Mmarekani Jimi Hendrix aliyelifanya gitaa la umeme lilie kama mtu.

Lema akasikiliza yote. Akashika gitaa, akapiga nyimbo za ng'ambo vilabuni, akapiga pamoja na wakubwa wa rumba kama Tabu Ley. Baadaye akaanzisha kundi lake mwenyewe lililoitwa Ya Tupas.

Hapo ndipo wengi wangesema: tazameni, kutoka kwenye kinanda cha altare mpaka kwenye vilabu vya pombe! Hatusemi kwamba kila linalofanyika usiku mjini ni jema. Lakini twaona kwamba huko alijifunza jambo ambalo noti haziwezi kufundisha. Anayepiga kwa kitabu hutazama karatasi. Anayepiga mbele ya watu wanaocheza hana budi kuwatazama watu. Wakichoka, amekosa yeye. Wakisimama wote pamoja, amepata yeye. Naye mpiga rumba hajipigii peke yake: gitaa la kwanza, la pili na la tatu kila moja lina neno lake dogo la kurudia, na utamu u katika mafundo yake.

Shule ya tatu: wazee wa vijiji

Mwaka 1974 Lema alipewa kazi ya kuongoza muziki wa Bale ya Taifa ya Zaire, yaani kundi la ngoma la nchi nzima. Alikuwa na miaka 28.

Siku zile Rais Mobutu alikuwa anahubiri siasa yake ya kurudia asili. Mwaka 1972 majina ya ubatizo yalikatazwa, na Kanisa liliona taabu kubwa. Ngoma za vijijini nazo zilitolewa vijijini, zikatumiwa kumsifu mkuu wa nchi mchana na usiku. Wazee wetu waliokuwa vijana wakati ule wanakumbuka jinsi watoto wa shule walivyosimamishwa juani kucheza na kupiga makofi. Jambo jema lilishikwa kwa mkono usio mwema.

Lakini kazi ya Lema ilimpeleka mahali pengine. Ilimbidi kuzunguka nchi, akawatafuta mafundi wa ngoma wa makabila, akawasikiliza kwao, akawachagua walio hodari, akawaleta pamoja. Nchi yetu ina makabila zaidi ya 200, na kila kabila lina mapigo yake. Fikirini basi shida yake. Mpiga ngoma wa msituni na mpiga ngoma wa mbugani wakikaa kiti kimoja, mmoja haingii katika mapigo ya mwenziwe. Huyu husikia mwanzo hapa, yule husikia mwanzo pale. Na kijana aliyesoma Bach akiwaambia «moja, mbili, tatu, nne», wazee humtazama tu, kwa sababu wao hawahesabu.

Lema alipenda baadaye kuieleza ngoma yetu kwa mfano wa gurudumu. Mfano huo ni mwema, nasi twaweza kuuona katika kijiji chetu chochote. Mmoja anagonga kengele au chupa, pigo lile lile bila kuchoka. Mwingine anapiga mapigo mawili pale ambapo mwenziwe anapiga matatu. Wa tatu anatia pigo moja tu, tena baada ya kungoja. Kila kazi peke yake ni ndogo, hata mtoto aweza kujifunza. Lakini ikizunguka pamoja na nyingine, gurudumu lasimama wima na kutembea, na hakuna awezaye kusema mwanzo wake ni wapi. Akitoka mmoja, hata yule mwenye pigo moja, gurudumu lalegea.

Kumbe, msomaji, hilo si ndilo lile tuliloliona kwenye kinanda? Sauti nyingi, kila moja na njia yake, wala hazigongani. Mtoto wa Mikondo alifundishwa jambo hilo na vitabu vya Bach, halafu akalikuta kwa wazee wasiojua kusoma, ambao walikuwa nalo tangu babu zao. Tofauti ni kwamba Bach aliliandika, na wazee walilihifadhi katika mikono.

Ndiyo maana twaiita kazi hii shule. Aliyekwenda kama mkuu wa muziki wa taifa ilimpasa kukaa chini kama mwanafunzi.

Kutoka Kinshasa mpaka ng'ambo

Mwaka 1979 shirika la Rockefeller la Marekani lilimwalika, akaondoka Kongo. Mwanzoni mwa miaka ya 1980 akafika Ulaya, akakaa Ufaransa. Mwaka 1983 ikatoka sahani yake iliyobeba katika jina lake miji mitatu ya safari yake: Kinshasa, Washington na Paris. Katika nyimbo zake za miaka ile mna gitaa la roki, mashine za umeme na Kilingala, vyote pamoja. Wauzaji wa sahani hawakujua wamweke kwenye rafu gani. Waliotaka rumba waliona si rumba. Waliotaka roki ya Wazungu waliona si hiyo.

Hapo alikutana na mtu mwingine asiyekaa rafu moja. Stewart Copeland, Mmarekani aliyekulia Kairo na Beirut, alikuwa mpiga ngoma wa kundi la roki la The Police, ambalo nyimbo zake zilisikika dunia nzima. Kisha Copeland akaanza kutunga muziki wa sinema: mwaka 1983 alitunga ule wa filamu ya Rumble Fish, na mwaka 1987 ule wa Wall Street. Katikati ya kazi hizo alikuja Afrika kutafuta asili ya mapigo yake, akapita Kenya, Tanzania, Burundi na Kongo. Mwaka 1985 ikatoka filamu na sahani, zote zikiitwa The Rhythmatist. Katika sahani ile sauti ya Lema inasikika, na wimbo wake Koteja umo.

Twaweza kuitazama filamu ile kwa macho mawili. Jicho la kwanza lacheka: Mzungu na ngoma zake katikati ya simba, kama vile Afrika ni bustani ya wanyama. Jicho la pili laona jambo la kweli: mpiga ngoma mashuhuri sana wa roki alihisi kwamba fundi wake yuko huku. Tena alihitaji mtu wa kumfungulia mlango. Nani angeweza kazi hiyo? Si mzee wa kijiji asiyejua gitaa la umeme, wala si kijana wa mji asiyejua ngoma ya kijiji. Alihitajika mtu wa shule tatu.

Tangu hapo Lema alifanya kazi na watu ambao mtu asingedhani. Mwaka 1992 ikatoka sahani yake pamoja na waimbaji wa Pirin kutoka Bulgaria, walioongozwa na Kiril Stefanov. Wanawake wa milima ile huimba kwa sauti kali, mbili zikikaa karibu sana hata msikilizaji afikiri zitagombana, kumbe zapatana. Mwaka 1998 ikatoka kazi yake na okestra ya Sundsvall, huko Uswidi. Mwaka 2000 aliimba na Wagnawa wa Moroko, ambao babu zao wengi walivushwa jangwa la Sahara kama watumwa. Mwaka 2004 alitoa sahani iitwayo Mizila, piano peke yake, kana kwamba amerudi kwenye kiti cha Mikondo. Alifanya kazi na okestra ya jazi ya São Paulo, katika Brazili. Mwaka 2016, akiwa na miaka 70, alitoa sahani Riddles, piano mbili, yeye na Mfaransa Laurent de Wilde. Mwaka 2020 akatoa nyimbo za kumkumbuka Franco, yule wa OK Jazz aliyemsikia ujanani.

Kila mara alifanya kama alivyofanya kwa wazee: alitafuta kwanza gurudumu la watu wale linazungukaje, ndipo akatia pigo lake.

Muziki usiotaka kutazamwa

Kazi moja ya Lema haionekani sana, nayo ni muziki wa sinema. Tueleze kidogo, kwa kuwa wengi wetu huitazama sinema bila kufikiri kwamba kuna mtu aliyekaa na kutunga sauti zile.

Mtungaji huonyeshwa filamu ambayo imekwisha kukatwa na kuunganishwa. Huambiwa: hapa pana sekunde 40, mtu huyu anatembea usiku, hasemi kitu. Tia muziki. Muziki ukiwa mdogo mno, watazamaji hawaoni hofu yake. Ukiwa mkubwa mno, wataona hila, watacheka. Mtu akianza kusema, muziki lazima urudi nyuma kama mtumishi anayefungua mlango kisha akaondoka. Mpiga roki amezoea kusimama mbele ya taa. Mtungaji wa sinema hukaa gizani. Wachache waweza yote mawili.

Lema aliweza. Alishiriki katika muziki wa Black Mic-Mac, filamu ya Kifaransa ya mwaka 1986 ichekeshayo, juu ya Waafrika wa Paris ambao nyumba yao inataka kufungwa na serikali. Mwaka 1992 muziki wake ulisikika katika filamu ya Mkameruni Jean-Marie Teno, Afrique, je te plumerai, inayouliza ukoloni uliiacha nchi na nini, katika vitabu, katika magazeti na katika vichwa vya watu. Mwaka 2003 alitunga muziki wa Moi et mon blanc ya Pierre Yaméogo wa Burkina Faso, habari ya mwanafunzi Mwafrika anayelinda magari usiku huko Paris, akaingia katika taabu, akakimbilia kwao pamoja na rafiki yake Mzungu. Filamu hizo tatu zina neno moja: mtu aliye mbali na kwao. Lema alilijua neno hilo. Mwaka 2011 alipopiga tena Kinshasa, ilikuwa imepita zaidi ya miaka 30.

Na kwetu je?

Sasa turudi kwetu. Pengine msomaji wa Walikale amefikiri: hayo ni mambo ya Kinshasa na Paris, sisi tuna nini? Tuna mengi.

Mwaka 1956, katika nchi ya Wanyanga, mzee mmoja aitwaye Candi Rureke alikaa siku 12 akisimulia na kuimba utenzi wa Mwindo. Alishika kibuyu chenye mbegu, akaimba, akasema, akacheza kila mtu wa hadithi. Vijana walikaa kando yake wakigonga gongo lililolazwa juu ya vijiti, wakaitikia. Wengine wao walikuwa wanafunzi wake. Mbelgiji Daniel Biebuyck na wasaidizi wake waliandika kila neno. Mwaka 1969 Biebuyck na Mnyanga Kahombo Mateene walikitoa kitabu hicho Marekani, na tangu hapo kinasomwa katika vyuo vikuu vya mbali. Mwanafunzi wa California aweza kuwa amesoma habari za Mwindo, na mtoto wa Walikale hajawahi kulisikia jina lake.

Katika utenzi ule mna jambo linalotupasa kulitazama. Shemwindo, mfalme, alikataa kuzaa mwana wa kiume. Mwindo alipozaliwa, baba alijaribu kumwua. Alipomshindwa, alimtia ndani ya ngoma, akaifunga, akaitupa majini. Lakini ngoma haikuzama. Ikaelea, na ndani yake mtoto akaimba, hata akafika kwa shangazi yake Iyangura. Baada ya vita na safari nyingi, hata chini kuzimu, mwana alimrudisha baba. Hakumwua. Walikaa pamoja mbele ya watu, baba akakiri kosa lake, wakagawana ufalme.

Wazee wetu walikuwa wanawaambia wazazi jambo fulani kwa hadithi hiyo. Mtoto uliyemtupa pamoja na ngoma yake aweza kuwa ndiye atakayekurudisha nyumbani.

Lakini ni nani leo anayejua kuuimba utenzi ule kwa siku 12? Mwaka 1993 vurugu zilianza Ntoto katika Walikale, zikaenea Masisi, na tangu hapo vita vimekuja na kurudi. Watu wamekimbia vijiji mara nyingi, wakakaa kambini chini ya mahema ya plastiki, kisha wakakimbia tena. Mtu akikimbia hubeba mtoto, sufuria na godoro. Ngoma kubwa haibebeki. Mzee anayejua nyimbo za kutawaza mwami au za kuvuna asali hufia kambini, amezungukwa na watu ambao si majirani zake, wala hakuna kijana aliyekaa upande wake kugonga gongo. Pigo lake latoka katika gurudumu, na gurudumu lalegea.

Tazama tena kwaya zetu. Sauti ni nzuri, vijana wana bidii. Lakini tumenunua kinanda cha umeme chenye ngoma ndani yake: mpigaji abonyeza kidude, na mashine yapiga yenyewe pigo lile lile linalosikika kila mahali. Hapana dhambi katika kidude hicho. Lema mwenyewe alitumia mashine. Lakini yeye alizitumia baada ya kukaa kwa wazee, nasi twazitumia ili tusikae nao. Katika parokia yetu tumewahi kuimba sikukuu nzima kwa mashine, na nyuma kabisa ya kanisa alikuwa amekaa mzee aliyekuwa fundi wa ngoma tangu ujana wake. Hakuna aliyemwita. Nasi tuliojua tulinyamaza, na neno hilo linatuchoma hata sasa.

Basi hatuandiki haya ili kila mwanaseminari aliyetoka awe Ray Lema. Wachache watafika huko, na si lazima. Twasema mambo machache tu. Mtoto akirudi na sanduku lake, aulizwe amejifunza nini, na apewe mahali pa kukitumia, kwa kuwa aliyefundishwa noti aweza kuandika nyimbo za babu yake kabla hazijazikwa. Akipiga gitaa, apelekwe kwa mzee, akae chini, ashike gongo, apige pigo moja tu kwa mwezi mzima kama mzee akitaka hivyo. Na mwenye simu arekodi, aandike jina la mzee na la kijiji, kwani Rureke anajulikana leo kwa sababu mtu aliliandika jina lake.

Jumapili iliyopita, baada ya misa, vijana wa kwaya walimfuata mzee yule wa nyuma. Alicheka kwanza, akasema mikono yake imekufa. Kisha akaomba chupa na kijiko. Akampa kijana wa gitaa kazi ya kugonga chupa, naye akaanza kupiga ubao wa benchi kwa viganja. Kijana alikosea mara nyingi sana. Tulipoondoka kwenda kula walikuwa bado wamekaa.